Mawe ya Mwanhuzi na Mwanzo wa Wanyama

Msafiri aingiaye Mwanhuzi, makao makuu ya Wilaya ya Meatu, huona tambarare za mashamba na malisho. Chini ya tambarare hizo umelala mwamba wa kale, na sehemu nyingi za Usukuma hutokeza juu ya ardhi kama mawe makubwa ya itale. Mwanafunzi wa kipaimara akimwuliza mchungaji wake umri wa mawe hayo, atajibiwaje? Katika makala hii tunapenda kueleza yale yanayoshuhudiwa na mawe yenyewe.

Kwanza, umri. Mwamba huu ni sehemu ya kiini cha kale cha bara letu, kiitwacho na wanajiolojia Kratoni ya Tanzania. Sehemu yake kubwa ina zaidi ya miaka milioni 2,500. Kipimo ni madini ya urani yaliyomo katika chembe za zirkoni: hugeuka kuwa risasi kwa kasi isiyobadilika. Itale hutokana na mwamba ulioyeyuka, ukapoa polepole kilomita kadhaa chini ya ardhi. Ikiwa leo ng'ombe hupita juu yake, basi yote yaliyoufunika yamekwisha kuchukuliwa na mvua na mito. Tunachokanyaga ni misingi ya milima iliyokwisha kulika.

Pili, visukuku. Katika itale hakuna kisukuku cha mnyama. Jiwe hilo lilizaliwa katika moto, tena lilipozaliwa wanyama hawakuwako bado.

Tatu, milima iliyofuata. Kati ya miaka milioni 650 na 550 hivi iliyopita, mabara yaligongana mashariki ya kratoni hii na kuinua safu ndefu ya milima. Mawe ya Usambara na Uluguru yalipikwa chini ya safu hiyo, ingawa kuinuka kwa milima tunayoiona leo ni habari ya baadaye. Mwaka 2006 Richard Squire na wenzake walitoa hoja kwamba udongo wa milima hiyo, uliochukuliwa na mito hadi baharini, ulileta fosforasi na kalsiamu zilizolisha wanyama wa kwanza. Hoja hii ingali inajadiliwa. Lakini visukuku vya viumbe laini vya zama hizo vipo kweli, vikiwemo vile vya Namibia vyenye umri wa miaka milioni 550 hivi.

Tuchukue miaka milioni 2,600 kuwa siku moja, kuanzia jua kuchwa hadi jua kuchwa. Wanyama hao watatokea mnamo saa saba mchana. Nyayo za Laetoli, zilizogunduliwa mwaka 1978 upande wa mashariki ya Meatu, zitakanyagwa dakika mbili tu kabla ya jua kuchwa.

Je, mambo haya yanapingana na ungamo letu? Hapana. Katika Katekisimo Ndogo, Luther alipoeleza kifungu cha kwanza cha Imani, alimfundisha Mkristo kukiri kwamba Mungu amemwumba yeye pamoja na viumbe vyote. Hakumfundisha kuhesabu miaka. Kijana asomaye jiolojia sekondari, kisha akaambiwa kanisani kwamba ni uongo, atajifunza kwamba imani huogopa mawe. Hatuna budi kumwonyesha kwamba Muumba tunayemkiri ndiye Bwana wa miaka hiyo yote, hata ile ambayo hakuna jicho lililoiona.