Vikope na Ahadi ya Ndoa

Katika nyika kame ya Oltepesi, kando ya njia iendayo Magadi, ambako maji ni adimu, maradhi ya vikope, yaani trakoma, huanza utotoni pasipo kishindo, nzi wakihamisha vijidudu jicho hadi jicho, hata baada ya miaka kope yenye makovu ikapinda ndani na nywele zake zikaikwaruza mboni.

Wanawake, kwa kuwa ndio walezi wa watoto, hupofuka hadi mara 4 zaidi ya wanaume. Basi mapenzi ya mume kijana, naamini kwa dhati, huthibiti pale anapobeba madumu ya maji ya kunawia uso, na kumsindikiza mkewe akapasuliwe kope mapema, maana upasuaji huo huzuia upofu, lakini hauirejeshi nuru iliyokwisha potea.