Goti la Mwanasoka na Miezi Tisa Isiyo na Punguzo

Siku ya Dabi ya Kariakoo, Mtaa wa Msimbazi hujaa jezi nyekundu, na makutano ya mitaa ya Twiga na Jangwani hujaa njano na kijani. Vilabu viwili vikubwa vya nchi, Yanga iliyoanzishwa mwaka 1935 na Simba iliyoanzishwa mwaka 1936, vina makao yake katika mitaa ambayo mtu huimaliza kwa miguu kabla kahawa yake haijapoa. Kutoka hapo kwenda Upanga, iliko Hospitali ya Taifa Muhimbili pamoja na Taasisi ya Mifupa, MOI, ni safari fupi pia. Mchezaji aliyekatika kano ya goti huishi kati ya sehemu hizo mbili. Upande wa Kariakoo anaulizwa atarudi lini uwanjani. Upande wa Upanga anaambiwa asubiri, na muda anaotajiwa humshtua: miezi tisa, pengine mwaka.

Ili kuelewa kwa nini muda huo unatisha, inafaa kutazama kazi ya mwanasoka kwa kalenda. Mbwana Samatta alizaliwa Dar es Salaam mwezi Desemba 1992. Alipitia African Lyon, akaingia Simba, na mwaka 2011 akavuka kwenda TP Mazembe ya Lubumbashi. Mapema mwaka 2016 alitunukiwa tuzo ya mchezaji bora wa Afrika kwa wanaocheza barani, akaenda Genk ya Ubelgiji, akatwaa ubingwa wa huko mwaka 2019, na Januari 2020 akawa Mtanzania wa kwanza kucheza Ligi Kuu ya Uingereza akiwa na Aston Villa. Yote hayo yalitimia katika muda wa takriban miaka tisa. Ukichomoa mwaka mmoja katika mnyororo huo, hasa ule wa kati ya miaka 18 na 22, huenda pete zinazofuata zisingeungana. Msaka vipaji aliyekuja kumtazama kijana na kumkuta kwenye magongo haahirishi safari yake; humtazama anayefuata. Kwa hiyo haraka ya mchezaji si utovu wa akili. Ina sababu, na daktari asiyeiheshimu sababu hiyo hatasikilizwa.

Hata hivyo, goti nalo lina kalenda yake. Kiungo hiki ni mahali ambapo mfupa wa paja hukalia mfupa wa muundi, na kwa umbo lake kingekuwa legelege sana kama si kamba zinazokifunga. Ndani kabisa, katikati, zipo kano mbili zinazopishana mfano wa msalaba. Ile ya mbele, ambayo hapa tutaiita kano ya msalaba ya mbele, huzuia muundi usichomoke kwenda mbele na huzuia goti lisijisokote mtu anapogeuka. Si nene kuliko kidole. Pembeni mwake zimo gegedu mbili zenye umbo la mwezi mwandamo, zinazopokea uzito kama mito. Watu wengi mtaani huita kila kitu kilichomo gotini "mshipa", na ndiyo maana jeraha hili husikika dogo likisimuliwa: "amevutika mshipa tu."

Wengi hudhani kano hii hukatwa na rafu. Mara nyingi sivyo. Sehemu kubwa ya majeraha haya hutokea bila mchezaji kuguswa: anakimbia, anasimama ghafla, anageuka kumkwepa beki, au anatua kutoka kupiga kichwa huku goti limenyooka na kuingia ndani. Mguu umeshikwa na ardhi, mwili umeendelea kuzunguka, na mzigo wote unaishia kwenye ile kamba moja. Mchezaji husikia mlio kama wa kitu kukatika. Huanguka, na baada ya dakika chache huenda akasimama na hata kutaka kuendelea, kwa sababu maumivu yamepungua. Katika saa chache zinazofuata goti hujaa. Kinacholijaza ni damu, maana kano iliyokatika ina mishipa yake midogo. Mlio, kisha uvimbe wa haraka, kisha hisia ya goti "kukataa" mtu anaposhuka ngazi: mtu mwenye historia hiyo anastahili kuchukuliwa kuwa amekatika kano mpaka ithibitike vinginevyo.

Hapo ndipo Kariakoo inapoingia na tiba zake. Fikiria kijana wa miaka 20 aliyeumia kwenye mechi ya ndondo Jumapili jioni. Usiku huohuo goti litakandwa kwa maji ya moto, kesho yake litachuliwa kwa mafuta, na keshokutwa atanunuliwa soksi ya kubana goti kwenye meza za barabarani. Maji ya moto na kuchua katika siku mbili tatu za mwanzo huzidisha damu na uvimbe. Barafu iliyofungwa kwenye kitambaa, kupumzika, kufunga bandeji kwa kiasi na kuinua mguu ndiyo yafaayo. Wiki inayofuata akipelekwa hospitali hupigwa picha ya eksirei, nayo hutoka safi. Hapa kuna mtego ambao umewapoteza wengi. Eksirei huonyesha mifupa. Kano haionekani humo. "Picha haina tatizo" hugeuka kuwa ruhusa ya kucheza.

Kipimo cha MRI huonyesha kano na gegedu vizuri, lakini gharama yake ni nzito kwa kijana asiye na bima. Jambo lisilosemwa vya kutosha ni kwamba utambuzi wa awali hauhitaji mashine. Katika jaribio la Lachman, daktari hukunja goti kidogo, hushika paja kwa mkono mmoja na kuvuta muundi kuja mbele kwa mkono mwingine, akilinganisha na mguu mzima. Likitelezea mbele bila kukoma, kano haipo. Jaribio hilo huchukua chini ya dakika moja, na kila kituo cha afya chenye daktari aliyefundishwa kinaweza kulifanya.

Si kila aliyekatika hupasuliwa. Mtu mwenye kazi isiyohitaji kugeuka kwa kasi anaweza kuishi vyema kwa mazoezi ya kuimarisha misuli ya paja. Mwanasoka anayetaka kuendelea kucheza kwa ushindani, kwa kawaida, hushauriwa upasuaji, kwa kuwa goti legelege husaga gegedu zake kila linapoteleza. Kano iliyokatika haishonwi ikarudi kama ilivyokuwa, isipokuwa katika hali chache. Daktari bingwa huingiza kamera kupitia tundu dogo na kuweka kano mpya aliyoitoa kwenye mwili wa mgonjwa mwenyewe: sehemu ya kano iliyo chini ya kilegesambwa, au kano za misuli ya nyuma ya paja. Hupitishwa katika njia zilizotobolewa kwenye mifupa na kufungwa kwa skrubu au vishikizo.

Hapa ndipo penye kiini cha jambo lote. Kipande kile, siku kinapowekwa, kina nguvu kubwa, lakini kimetengwa na damu yake. Katika wiki zinazofuata chembe zake nyingi hufa. Mwili huanza kukijenga upya kutoka ndani: mishipa midogo ya damu huingia, chembe mpya huja, nyuzi za zamani huvunjwa na mpya kusukwa. Wakati ujenzi huo unaendelea, kano hulegea kuliko ilivyokuwa siku ya upasuaji, na udhaifu huo huwa mkubwa kati ya wiki ya sita na ya kumi na mbili au hapo karibu. Huo ndio wakati ambapo mgonjwa anajisikia vizuri. Uvimbe umekwisha, magongo yametupwa, anatembea barabara ya Lumumba bila kuchechemea. Maumivu, ambayo ndiyo kipimo pekee anachokiamini, yamempa ruhusa ambayo kano haijaitoa. Ujenzi huo huendelea kwa miezi mingi, hata kupita mwaka, na hakuna dawa, sindano wala lishe inayojulikana kuufupisha kwa kiwango cha maana.

Utafiti uliofanywa Norway na Marekani na kuchapishwa mwaka 2016 ulionyesha kwamba kwa kila mwezi ambao mchezaji alichelewa kurudi, hadi kufikia mwezi wa tisa, hatari ya kuumia goti tena ilipungua kwa karibu nusu. Uchambuzi mwingine wa mwaka huohuo, uliokusanya tafiti nyingi, ulikuta kwamba kati ya wanamichezo walio chini ya miaka 25 waliorudi michezoni, takriban mmoja kati ya wanne au watano alikatika tena, ama goti lilelile ama la pili. Mtu anayesajiliwa Kariakoo kwa kawaida yuko katika umri huohuo.

Australia, ambako mpira wa miguu wa kienyeji huchezwa na watu 18 kila upande, kwa kuruka juu ya mabega ya wenzao na kutua vibaya, imeyajua majeraha haya kwa uchungu. Alex Johnson wa Sydney Swans alitwaa ubingwa wa ligi ya huko mwaka 2012 akiwa na miaka 20. Mwanzoni mwa mwaka uliofuata, kabla ligi haijaanza, alikatika kano ya goti la kushoto. Goti hilo lilijengwa upya mara tano. Alirudi katika ligi kuu Agosti 2018, karibu miaka sita baada ya fainali ile, na uwanja mzima ukamshangilia. Katika mechi yake ya pili tangu arudi, kano ya goti la kulia ilikatika. (Kikosini mwa Sydney wakati huo alikuwamo pia Aliir Aliir, aliyezaliwa katika kambi ya wakimbizi ya Kakuma nchini Kenya, michezo ya mbali si mbali kama inavyodhaniwa.) Si haki kusema Johnson aliharakisha, kwani hakuna aliyesubiri kumzidi. Kisa chake chaonyesha jambo jingine: kwamba goti likishakatika mara moja, hata uvumilivu haumpi mtu dhamana kamili. Basi anayerudi mwezi wa tano anaongeza hatari juu ya hatari.

Shinikizo la kurudi mapema halitoki kwa mchezaji peke yake. Mkataba wa mwaka mmoja au miwili hauna nafasi ya kupumua ndani yake. Miezi tisa ikitoka, kilichobaki ni dirisha la usajili. Kocha anapimwa kwa matokeo ya wiki. Wanachama wanaokaa vibarazani mwa klabu huuliza habari za goti kama wauzavyo na kununua, kwa kutafuta punguzo. Na viongozi, hata wenye nia njema, humpeleka mchezaji kwa daktari wa pili na wa tatu mpaka apatikane atakayetaja mwezi wanaoutaka. Jambo la kufaa zaidi ambalo klabu ingeweza kumfanyia majeruhi ni kumhakikishia kwa maandishi kwamba mshahara na nafasi yake vitamngoja. Tiba hiyo haimo katika vitabu vya upasuaji, lakini ingezuia upasuaji wa pili kuliko kisu chochote.

Wanawake wanapaswa kutajwa kando. Kano hii hukatika kwa wachezaji wa kike mara mbili hadi tatu zaidi kuliko kwa wanaume katika soka, kwa sababu zinazohusu jinsi goti linavyotua na nguvu ya misuli, na pia kwa sababu wengi wao hupata walimu wa viungo na viwanja vya hali ya chini. Kadiri Simba Queens na Yanga Princess zinavyozidi kupata wachezaji wenye umri mdogo, ndivyo jambo hili linavyozidi kuhitaji macho. Nchini Sweden, wanawake waliokuwa wamekatika kano hii wakicheza soka walichunguzwa miaka 12 baadaye, wengi wao wakiwa na miaka ya thelathini hivi. Karibu nusu walikuwa na dalili za kusagika kwa goti kwenye eksirei. Hilo ni gonjwa la wazee katika mwili wa mama kijana.

Kinga ipo, na si ghali. Mpango wa kupasha misuli moto unaoitwa FIFA 11+ huchukua kama dakika 20: kukimbia taratibu, kuimarisha misuli ya tumbo na paja, kusimama kwa mguu mmoja, kuruka na kutua kwa goti lililokunjwa na lisiloingia ndani. Ukifanywa walau mara mbili kwa wiki hupunguza majeraha kwa takriban theluthi moja au zaidi. Hauhitaji chochote zaidi ya uwanja na kocha atakayesisitiza kutua sawasawa, na unafaa timu ya mtaa pale Jangwani kama unavyofaa timu ya ligi kuu.

Kwa aliyekwisha kupasuliwa, tarehe peke yake haitoshi kumruhusu. Hata miezi tisa ikitimia, mguu hupimwa. Misuli ya mbele ya paja ifikie angalau asilimia 90 ya nguvu ya mguu mwingine. Kipimo rahisi ni kuruka: mchezaji husimama kwa mguu mzima, huruka mbele mara moja na kutua kwa mguu huohuo bila kuyumba, na umbali hupimwa, kisha hurudia kwa mguu uliopasuliwa. Akiruka sentimita 160 kwa mguu mzima, mguu mwingine ufikie sentimita 144. Futi ya fundi cherehani inatosha kwa kazi hiyo, nayo hupatikana kila kona ya Kariakoo.