Mwana Aliyeukataa Moto wa Babake

Wazee wetu husema mwana wa nyoka ni nyoka. William Faulkner, mwandishi wa Mississippi huko Marekani, alitunga hadithi fupi inayoipinga kauli hiyo. Yaitwa "Barn Burning", yaani kuchoma ghala, na ilitoka mwaka 1939 katika jarida la Harper's. Mwaka 1980 ikageuzwa mchezo wa televisheni. Horton Foote ndiye aliyeuandika, na Tommy Lee Jones akawa Abner Snopes, baba mwenyewe.

Abner ni maskini alimaye mashamba ya watu. Akikosana na tajiri, humchomea ghala. Mwanawe Sarty, mtoto wa miaka kumi hivi, hutarajiwa aseme uwongo mbele ya hakimu kwa ajili ya damu. Walipohamia kwa Major de Spain, Abner akakanyaga mavi ya farasi, akaingia nayo nyumbani na kulichafua zulia la thamani. Tajiri akamtoza busheli 20 za mahindi. Hakimu akazipunguza zikawa 10. Hata hizo Abner hakuziridhia. Usiku akatwaa mafuta ya taa. Sarty akachomoka mikononi mwa mamake, akakimbia kumwonya mwenye ghala.

Hapa ndipo penye kazi ngumu ya televisheni. Kitabuni msomaji huingizwa moyoni mwa Sarty, akaona hofu na mapenzi yakipigana. Kamera haioni moyo, huona uso. Basi mchezaji hana budi kuyasema kwa macho yale ambayo Faulkner aliyasema kwa maneno mengi, na mtazamaji naye awe na subira ya kuyasoma.

Je, Sarty ni mwana aliyekosa radhi? Sisi tuliolelewa kuogopa laana ya wazazi twaweza kumhukumu upesi. Lakini tumtazame vyema. Hakwenda kumwangamiza babake, alikwenda kuuzuia moto. Aliposikia bunduki zikilia, alimwita babake kwa uchungu. Na baadaye, peke yake gizani, bado alimsifu kuwa shujaa wa vita, asijue kwamba Abner aliiendea vita hiyo kwa ajili ya kupora.

Mapenzi, basi, hayakukatika. Kilichokatika ni njia ya kurudi nyumbani. Hadithi yaisha alfajiri ikikaribia, mtoto aingia msituni wala hatazami nyuma.

Mzazi aulizaye kwa nini mwanawe kamhama, na aanze kwa kutazama mkononi mwake mwenyewe ameshika nini.