Kaitlyn

Kaitlyn (hutamkwa karibu na "Keitlin") ni jina la kike linalotumika hasa katika nchi zinazozungumza Kiingereza, kama vile Marekani, Kanada, Uingereza na Australia. Ni tahajia ya kisasa ya Caitlín, jina la lugha ya Kieire, na Caitlín nalo ni umbo la Kieire la jina Katerina. Kwa hiyo Kaitlyn ni jina la kale lililovaa herufi mpya, na maana yake haiwezi kupatikana kwa kuikata tahajia hiyo vipande vipande. Lazima kufuata njia ambayo jina limepitia.

Asili ya jina Katerina

Chimbuko ni jina la Kigiriki Aikaterine. Maana yake ya kwanza inabishaniwa na wataalamu. Wengine hulihusisha na neno la Kigiriki lenye maana ya "kila mmoja kati ya wawili", na wengine na Hekate, mungu wa kike wa Wagiriki wa kale.

Wakristo wa karne za kwanza walilihusisha jina hili na neno la Kigiriki katharos, yaani "safi". Kwa sababu hiyo waandishi wa Kilatini walianza kuandika Katharina badala ya Katerina, wakiongeza herufi h ili jina lifanane na neno hilo. Ndiyo maana vitabu vingi vya majina husema kwamba Katerina maana yake ni "safi". Maana hiyo ilikuja baadaye, lakini imeshikamana na jina kwa karne nyingi.

Jina lilienea sana kwa heshima ya Mtakatifu Katerina wa Aleksandria, ambaye kwa mapokeo ya Kanisa aliuawa kwa ajili ya imani yake mwanzoni mwa karne ya 4. Monasteri maarufu iliyo chini ya Mlima Sinai, nchini Misri, inaitwa kwa jina lake.

Kutoka Ufaransa hadi Eire

Katika Kifaransa cha Kale jina lilikuwa na umbo la Caterine, na pia Cateline. Hapo r imegeuka kuwa l, badiliko ambalo halitamshangaza msomaji wa Afrika Mashariki, kwa kuwa sauti hizo mbili hubadilishana pia katika lugha zetu nyingi. Badiliko kama hilo linaonekana katika jina Katalin la Kihungaria.

Wanormani, watawala wa Uingereza waliozungumza Kifaransa, waliingia Eire kuanzia mwaka 1169. Walikuja na majina yao, na Waeire wakayapokea kwa matamshi yao wenyewe. Cateline ikawa Caitlín.

Katika Kieire, Caitlín halisomwi "Keitlin". Herufi i inayofuata a haina sauti yake: kazi yake ni kuonyesha kwamba t inayofuata ni laini. Alama iliyo juu ya í ya mwisho huonyesha kwamba irabu hiyo ni ndefu. Kwa hiyo jina hutamkwa karibu na "Katliin", na t yake katika baadhi ya lahaja hukaribia ch.

Jina moja, njia mbili

Jina Caitlín liliingia katika Kiingereza mara mbili, kila mara kwa njia tofauti.

Mara ya kwanza liliingia kwa sikio. Waandishi wa Kiingereza walisikia matamshi ya Waeire na kuyaandika kwa kadiri walivyoweza: Kathleen au Cathleen. Jina Kathleen lilipendwa sana Uingereza na Marekani katika nusu ya kwanza ya karne ya 20.

Mara ya pili liliingia kwa jicho. Kuanzia miaka ya 1970, wazazi wengi wa Marekani walivutiwa na majina ya asili ya Kieire. Walilikuta Caitlín limeandikwa, wakaacha alama iliyo juu ya í, kisha wakalisoma kwa kanuni za Kiingereza. Katika Kiingereza, herufi ai kwa kawaida husomwa "ei", kama katika neno rain (mvua). Matamshi "Keitlin" yalizaliwa hivyo. Matamshi hayo mapya yalipozoeleka, watu walianza kuyaandika upya kwa herufi zinazoyafaa zaidi, na hapo ndipo Kaitlyn ilipotokea.

Kwa ufupi, Kathleen imehifadhi sauti ya Kieire lakini imepoteza maandishi yake, na Caitlin ya Kiingereza imehifadhi maandishi lakini imepoteza sauti. Kaitlyn imekwenda mbali zaidi na asili kwa yote mawili. Hata herufi zake ni ushahidi: alfabeti ya jadi ya Kieire ina herufi 18 tu, na wala k wala y haimo.

Tahajia mbalimbali

Sehemu tatu za jina hili hubadilika:

- Mwanzo: C au K.
- Katikati: ait, ayt, aet au ate.
- Mwisho: lin, lyn au lynn.

Kwa kuunganisha sehemu hizo peke yake hupatikana tahajia 24, zote zikiwa na matamshi yaleyale. Zinazojulikana zaidi ni Caitlin, Caitlyn, Kaitlin, Kaitlyn, Katelyn na Katelynn.

Nchini Marekani, orodha ya serikali ya majina ya watoto huhesabu kila tahajia peke yake. Kwa sababu hiyo, anayetazama mstari mmoja tu wa orodha hawezi kujua ni watoto wangapi walioitwa jina hili. Lazima ajumlishe mistari mingi.

Maana zisizo sahihi

Kwa kuwa tahajia Katelyn inaonekana kama Kate na Lyn yakiunganishwa, wapo wanaoeleza kwamba jina hili ni mseto wa majina hayo mawili. Wengine huongeza kwamba Lyn hutokana na neno la Kiwelisi llyn, yaani "ziwa", hivyo jina zima lingemaanisha "ziwa safi". Maelezo hayo yanapendeza, lakini hayana msingi wa kihistoria. Mwisho wa Kaitlyn ni -line ya Cateline ya Kifaransa, na haukuhusiana na ziwa lolote. Umbo la -lyn limechaguliwa kwa sababu lilikwisha kuzoeleka katika majina kama Carolyn, Evelyn na Marilyn.

Hata hivyo, kubadili tahajia si jambo la vijana wa leo tu. Herufi h iliyoongezwa katika Katharina ilikuwa badiliko la aina hiyohiyo. Baadaye Waingereza wengi walianza kuitamka th ya Catherine kwa sauti ya "th" ya neno "thamani", ingawa matamshi ya zamani yalikuwa na t. Ufupisho Kate na Kitty umehifadhi t hiyo ya zamani.

Katika Afrika Mashariki

Nchini Tanzania na Kenya jina hili lilifika kwa njia ya Ukristo, na huandikwa Katarina, Katerina au Catherine. Umbo la Kaitlyn ni geni zaidi.

Kanuni za Kiswahili zingeliandika "Keitlin", kwa kuwa kila herufi husomwa kwa sauti yake. Lakini majina ya watu hayalazimiki kufuata kanuni hizo. Hata majina yaliyozoeleka zamani yana tahajia zaidi ya moja, kwa mfano Zainabu na Zainab, au Muhammad na Mohamed. Katika hati rasmi tofauti ya herufi moja ina uzito: aliyeandikwa Kaitlyn katika cheti cha kuzaliwa na Katelyn katika cheti cha mtihani anaweza kutakiwa athibitishe kwamba ni mtu mmoja. Mzazi anayechagua jina lenye tahajia nyingi anashauriwa kuhakikisha kwamba linaandikwa namna moja tangu hati ya kwanza.

Watu mashuhuri wenye jina hili

- Caitlin Thomas (1913–1994), mwandishi, mke wa mshairi Dylan Thomas wa Welisi
- Kaitlyn Lawes (amezaliwa 1988), mchezaji wa kalingi wa Kanada, mshindi wa medali za dhahabu za Olimpiki 2014 na 2018
- Kaetlyn Osmond (amezaliwa 1995), mchezaji wa kuteleza kwenye barafu wa Kanada, bingwa wa dunia 2018
- Kaitlyn Dever (amezaliwa 1996), mwigizaji wa Marekani
- Katelyn Ohashi (amezaliwa 1997), mwanajimnastiki wa Marekani
- Caitlin Clark (amezaliwa 2002), mchezaji wa mpira wa kikapu wa Marekani