Kuteleza au Kuserereka? Sabrina Simader wa Kilifi na Lugha ya Theluji

Mnamo tarehe 17 Februari 2018, katika mteremko wa Jeongseon nchini Korea Kusini, binti aliyezaliwa Kilifi alishindana katika Michezo ya Olimpiki ya Majira ya Baridi akiwa amevaa rangi za Kenya, akamaliza katika nafasi ya 38. Jina lake ni Sabrina Simader. Wakati huo nilikuwa likizoni nyumbani, Malindi. Redio ilipotangaza kwamba Mkenya, tena mzaliwa wa Kilifi, “ameteleza kwenye barafu” huko Korea, mzee mmoja aliyekuwa ameketi nasi barazani aliuliza kwa huruma ya dhati: “Maskini! Ameumia?”

Tulicheka, kama ilivyo ada ya vijana wenye elimu kidogo. Hata hivyo, nimekuja kuamini kwamba swali la mzee yule lilikuwa na mantiki kuliko kicheko chetu. Katika Kiswahili, ateleze nani asiumie? Mguu huteleza penye tope, sabuni huteleza mkononi, ulimi huteleza mbele ya wakwe. Katika matumizi yote haya mtendaji ametendwa: jambo limemtokea bila ya yeye kulitaka. Basi tunapomwita mwanamichezo “mtelezaji”, tunamsifu au tunampa pole? Makala haya yanakusudia kueleza safari ya Simader katika mchezo wa skii na jinsi mchezo wenyewe unavyochezwa. Aidha, yanakusudia kuonyesha kwamba lugha tuliyoitumia kumsimulia imechangia kuuficha ustadi wake.

Sabrina Simader alizaliwa Kilifi mwezi wa Aprili mwaka 1998. Alipokuwa na umri wa miaka 3 hivi alihamia Austria pamoja na mama yake. Baba yake wa kambo, raia wa Austria, alikuwa na mtambo wa kuwapandisha watu mlimani ili washuke kwa skii, naye ndiye aliyemfunza mtoto huyo kusimama juu ya theluji. Jambo hili ni la kutiliwa maanani. Magazeti mengi ya dunia yalipenda kumsimulia Simader kama muujiza: binti kutoka nchi ya jua na minazi aliyejikuta katika baridi kali. Kwa sisi wanafunzi wa fasihi, mbinu hii si ngeni. Ni mbinu ya kiajabu, ambapo mhusika hutolewa mahali pake pa asili na kutupwa katika ulimwengu asioujua, nasi tukashangaa kwamba hakufa. Ukweli ni kwamba Simader hakutupwa popote. Theluji aliijua tangu utotoni, kama mtoto wa Takaungu anavyoyajua maji ya hori. La kustaajabisha, ikiwa lazima tustaajabu, ni kwamba alipofika kileleni pa mchezo huo aliamua kuishindania Kenya.

Mwaka 2016 aliiwakilisha Kenya katika Michezo ya Olimpiki ya Vijana mjini Lillehammer, Norway. Mwaka uliofuata alishiriki Kombe la Dunia la skii ya milimani, jambo ambalo hakuna Mkenya aliyewahi kulifanya kabla yake, na pia mashindano ya ubingwa wa dunia huko St. Moritz, Uswisi. Katika PyeongChang 2018 ndiye aliyeibeba bendera, na hapakuwa na mshindani mwingine wa Kenya nyuma yake. Alikuwa mwanamke wa kwanza wa Kenya kushiriki Olimpiki ya majira ya baridi, na Mkenya wa kwanza kushiriki humo katika skii ya milimani.

Mkenya aliyemtangulia katika michezo hiyo kwa jumla alikuwa Philip Boit, ambaye alishindana Nagano, Japani, mwezi wa Februari 1998, miezi miwili tu kabla ya Simader kuzaliwa. Boit alicheza skii ya masafa, ile ya kwenda kwenye tambarare, kupanda na kushuka. Alimaliza wa mwisho katika mbio za kilomita 10, na bingwa Bjørn Dæhlie wa Norway akamngoja kwenye mstari wa mwisho ili amkumbatie. Kisa hiki kilipendwa mno, na kwa haki. Lakini kilituachia urithi wenye kasoro: tangu hapo Mwafrika akionekana kwenye theluji, watazamaji hungoja kumbatio, hawangoji mbio.

Sasa tuzitazame mbio zenyewe, kwa maana hapa ndipo penye utamu.

Skii ya milimani ina matawi kadhaa. Katika slalomu, malango yamekaribiana na mchezaji hugeuka kwa haraka haraka. Katika slalomu kubwa, malango yametengana zaidi. Mchezaji hushuka mara 2 na nyakati zake hujumlishwa. Mwishoni mwa orodha kuna mbio za mteremko mkuu, zenye kasi kuliko zote, ambazo wachezaji hupewa siku za kuzifanyia mazoezi katika njia ile ile watakayoshindania. Kati ya slalomu kubwa na mteremko mkuu kuna slalomu kuu, ambayo wenyewe huiita Super-G. Hii ndiyo aliyomaliza Simader huko Jeongseon. Kasi yake huweza kupita kilomita 100 kwa saa, na bado hakuna ruhusa ya kuijaribu njia kabla ya siku yenyewe. Mchezaji hushuka mara moja tu, basi.

Anachoruhusiwa ni ukaguzi. Asubuhi, kabla ya mbio, wachezaji hushuka polepole kandokando ya malango wakiyatazama: hapa pana kona iliyojificha nyuma ya kilima, pale ardhi inadidimia ghafla na mtu atapaa hewani. Kisha hufumba macho na kuipitia njia yote kichwani, mkono mmoja ukipinda huku na huku kama samaki. Aliyewahi kumwona mghani wa utenzi akijikumbusha beti zake kabla ya kupanda jukwaani ataielewa hali hiyo mara moja. Mchezo huu, kabla haujawa wa miguu, ni wa kuhifadhi.

Skii zenyewe ni mbao mbili ndefu na nyembamba. Za slalomu kuu ya wanawake hupita mita 2. Kando zake zimetiwa chuma, na umbo lake ni jembamba katikati na pana kwenye ncha. Mchezaji anapotaka kugeuka huziinamisha, chuma kikauma theluji, na umbo lile likamvuta katika mkunjo. Uzito wake sharti uegemee mguu wa nje. Akiuegemeza mguu wa ndani, chuma kitaachia na hapo ndipo atakapoteleza kwa maana aliyoijua mzee wetu wa barazani. Kwa maneno mengine, ustadi wote wa mtu huyu tuliyemwita mtelezaji ni wa kutokuteleza.

Isitoshe, njia haiwi sawa kwa wote. Wenye sifa kubwa hushuka mapema, theluji ikiwa bado laini usoni. Wanaofuata hukuta mifereji iliyochimbwa na skii za waliotangulia. Mtu anayeanza baada ya wenzake 40 hashuki mlima ule ule walioshuka wao. Siku hiyo ya Jeongseon ilitoa maajabu yake: Ester Ledecká wa Jamhuri ya Cheki, aliyeanza wa 26 na ambaye alijulikana zaidi kwa mchezo wa ubao mmoja, alishinda kwa sekunde 1:21.11 dhidi ya 1:21.12 za Anna Veith wa Austria. Sehemu moja ya mia ya sekunde! Katika mbio hizo hizo ndimo aliyezaliwa Kilifi aliposhika nafasi ya 38. Waliomwona kama mgeni aliyepotea njia hawakuyajua mashindano aliyokuwamo.

Yamkini msomaji atauliza: je, hakuichagua Kenya kwa sababu timu ya Austria ni ngumu kuingia? Swali ni halali. Katika Olimpiki kila nchi huruhusiwa wachezaji wasiozidi 4 katika tawi moja, na Austria ina mabingwa wa kujaza nafasi hizo mara kadhaa. Lakini bendera ya nchi ndogo haimfutii mtu masharti. Alama za kufuzu katika skii huhesabiwa kinyume na mazoea yetu, yaani chache ndizo bora na sifuri ndiyo ya bingwa. Kila mchezaji, awe wa Austria au wa Kenya, huzitafuta kwa kushindana mwaka mzima, kutoka mlima hadi mlima. Anayechagua nchi isiyo na mlima hata mmoja wa skii huchagua pia kutafuta kocha, fundi wa kunoa kingo za chuma na nauli bila shirikisho lenye mazoea ya mchezo huo. Kwa maoni yangu, hayo si mapito ya mkato. Katika Beijing 2022 Kenya haikuwa na mshindani hata mmoja.

Turudi kwenye maneno. Kiswahili kina maneno mawili, barafu na theluji, na yote yamevuka bahari. Barafu limetoka Kiajemi, ambako “barf” ni ile inyeshayo kutoka mawinguni. Theluji limetoka Kiarabu, “thalj”, ambalo huweza kuwa inyeshayo au iliyoganda. Kiswahili kiliyapokea yote mawili kikayagawia kazi: theluji ikawa ya mbinguni na milimani, barafu ikawa ya maji yaliyoganda. Kwetu Malindi barafu ni ya kuhifadhia samaki, na ile ya ukwaju au ubuyu inayouzwa katika vifuko na akina mama majumbani. Kwa hiyo mtangazaji aliyesema Simader alikuwa “kwenye barafu” alimhamisha mchezo, akampeleka kwa wale wanaovaa viatu vya chuma na kuzunguka uwanjani. Hata hivyo nikiri kwamba njia ya mashindano ya skii humwagiwa maji ili igande na kuwa ngumu, hata mpaka wa theluji na barafu ukafifia. Mtangazaji wetu alikosea, ila si kwa umbali tunaoudhani.

Kilifi yenyewe ina historia ya kale na neno hili. Mmisionari Johannes Rebmann aliondoka Rabai, ambayo leo imo katika Kaunti ya Kilifi, mwaka 1848 kuelekea Uchagani. Tarehe 11 Mei aliona weupe juu ya Kilimanjaro. Alipomuuliza mwongozaji wake ni kitu gani kile, jibu alilopewa lilikuwa neno moja tu: baridi. Mwongozaji yule hakuwa na haja ya jina la kitu; alitaja kinachomfikia mtu. Rebmann aliandika kwamba ni theluji, na habari hiyo ilipochapishwa mwaka 1849, mtaalamu wa jiografia William Desborough Cooley wa London aliikana katakata. Theluji karibu na ikweta? Haiwezekani. Ilichukua zaidi ya miaka 10, hadi safari za Karl Klaus von der Decken za 1861 na 1862, ubishi ukatulia. Hapo kale Ulaya haikuamini kwamba Afrika ina theluji. Juzi haikuamini kwamba theluji ina Mwafrika.

Je, tuseme nini badala ya kuteleza? Mimi napendekeza kuserereka. Watoto wa Mambrui hupanda vilima vya mchanga, wakaketi juu ya karara la mnazi na kuserereka hadi chini, kisha hupanda tena. Hakuna anayewapa pole. Kitenzi hiki kina mteremko ndani yake na kinakubali hiari ya mtendaji. Kuteleza tukuachie wachezaji wa barafu, ikiwa watakubali. Mhadhiri mmoja niliyemweleza wazo hili alinipinga: kuserereka, alisema, hakuna usukani, na isitoshe hakumfai Boit aliyekuwa akipanda vilima. Yeye angependelea “kucheza skii”, kama tusemavyo kucheza kandanda. Hoja ya Boit naikubali. Hoja ya usukani siikubali, kwa kuwa hajawahi kuwaona watoto wa Mambrui wakilikwepa shina la mvinje kwa kuinamisha karara upande mmoja, uzito wote ukiwa mguu wa nje.