Zuio la Ijumaa, Ukuta wa Jumatatu

Jirani amekwenda mahakamani akidai mpaka umevukwa. Ijumaa mahakama inatoa zuio: ujenzi usimame hadi kesi isikizwe. Jumamosi alfajiri lori za kokoto zinapiga foleni, mafundi wanaongezwa, na kufikia Jumatatu ukuta umefika kwenye linta. Hesabu ya mwenye ploti ni kwamba jaji atakuta mambo yamekwisha.

Mawakili wa Kenya wanaijua sana hesabu hii, na haina faida. Kesi ya mpaka ni moja, kesi ya kudharau mahakama ni nyingine. Mtu anaweza kushinda ya kwanza, ploti ikathibitika kuwa yake, na bado akafungwa kwa ya pili. Majaji wetu hutegemea uamuzi wa Uingereza wa 1952 katika kesi ya Hadkinson: amri hutiiwa hata na anayeamini ni batili, mpaka mahakama yenyewe iiondoe. Aliyeonewa aombe ibadilishwe, au akate rufaa na kuomba utekelezaji usitishwe. Hilo ombi la pili ndilo husahaulika. Rufaa peke yake haisimamishi kitu.

Agizo la 40 la Kanuni za Mwenendo wa Kesi za Madai za 2010 linaruhusu anayekiuka zuio afungwe hadi miezi 6, na mali yake ishikwe. Mali haishikiliwi zaidi ya mwaka 1, lakini ukaidi ukiendelea yaweza kuuzwa na mlalamishi akalipwa fidia. Kwenye Mahakama ya Mazingira na Ardhi mambo ni makali zaidi: sheria yake ya 2011 inataja faini ya hadi shilingi milioni 20, au kifungo cha hadi miaka 2, au vyote viwili. Kampuni haifungiki, kwa hiyo wakurugenzi walioijua amri huitwa wao binafsi. Na ukuta ule waweza kuamriwa ubomolewe kwa gharama ya aliyeujenga.

“Sikupokea karatasi yoyote” ni utetezi uliochakaa. Katika kesi ya Shimmers Plaza, 2015, Mahakama ya Rufani ilisema kuijua amri kunatosha. Wakili wako akiwa mahakamani inaposomwa, wewe nawe umeisikia. Hata hivyo mlalamishi ana mzigo wake. Amri lazima iwe wazi, na ukiukaji uwe wa makusudi. Tangu kesi ya Mutitika dhidi ya Baharini Farm, 1985, ushahidi unaotakiwa ni mzito kuliko wa madai ya kawaida, ingawa haufiki kabisa ule wa jinai. Ni haki iwe hivyo, maana anayeshtakiwa anaweza kupoteza uhuru wake.

Anayepatikana na hatia anaweza kunyimwa nafasi ya kusikizwa hadi ajisafishe, yaani atii kwanza, kisha aombe radhi. Cheo hakimkingi. Septemba 2024, Kaimu Inspekta Jenerali wa Polisi Gilbert Masengeli alihukumiwa miezi 6 kwa kukaidi wito wa Mahakama Kuu kuhusu watu waliotoweka Kitengela. Jaji Lawrence Mugambi alimpa siku 7 za kufika kabla kifungo kuanza. Alifika, akaomba radhi, na hukumu ikaondolewa.