Pasipoti Ikipotea, Usinyamaze

Siku kumi na moja nilinyamaza. Pasipoti yangu ilipotea Jumatano moja baina ya Darajani na kampasi ya Tunguu, nami nikajipa moyo kuwa itatokea tu: labda iko chini ya godoro, labda nimeichanganya na vitabu. Ukweli ni kwamba nilikuwa namuogopa mama. Tulikuwa wanafunzi wanne tuliochaguliwa kwenda Muscat kwa mafunzo ya wiki sita, na viza yangu ilitolewa kwa namba ya pasipoti ile ile.

Wenzangu, naandika haya ili yasikukuteni.

Kwanza, jueni pasipoti ni mali ya nani. Wewe umepewa uitumie, lakini kitabu chenyewe ni mali ya Serikali ya Jamhuri ya Muungano. Ndiyo maana kukipoteza si siri yako na familia yako. Na kwa kuwa uraia na uhamiaji ni mambo ya Muungano, sisi wa Unguja na Pemba tunafuata sheria ile ile ya Bara, Sheria ya Pasipoti na Hati za Kusafiria ya mwaka 2002.

Pili, nenda polisi upate taarifa ya upotevu. Eleza ilipotea lini, wapi na vipi, na sema kweli. Usiseme imeibiwa kwa sababu unaona aibu kusema umeisahau garini. Kutoa maelezo ya uongo ili upate pasipoti ni kosa la jinai.

Tatu, peleka taarifa hiyo Uhamiaji, kwetu Unguja ni Kilimani, uombe nyingine. Chukua cheti cha kuzaliwa na kitambulisho. Mimi nilikula kiapo kwa wakili pia, nikabeba na barua ya sheha. Na usitarajie kupewa bure. Pasipoti ya kielektroniki ilipozinduliwa Januari 2018, ada ya ile ya kawaida ilikuwa shilingi 150,000. Kwa mtu anayesubiri boom, hizo si pesa za mchezo.

Sasa sikilizeni kilichonikuta. Siku tatu baada ya kutoa taarifa, kijana wa duka la fotokopi pale Mlandege akanipigia simu: "Dada, kitabu chako kiko huku, ulikisahau kwenye mashine." Nilikaribia kulia kwa furaha. Rafiki yangu mmoja akaniambia, "Si umeshaipata? Safiri nayo, nani atajua?"

Atajua yeyote mwenye kompyuta. Pasipoti ikishatangazwa kupotea inafutwa, na haifufuki hata ukiiokota mwenyewe. Interpol wana hifadhi ya taarifa za hati za kusafiria zilizoibiwa na zilizopotea tangu mwaka 2002, na nchi nyingi huiangalia pale mpakani. Ningeweza kuzuiwa uwanja wa ndege wa Muscat, peke yangu, na kitabu chenye jina langu kilichokwishakufa. Nikakirejesha Kilimani.

Ikikupotea ukiwa nje, utaratibu unaanzia hivyo hivyo kwa polisi wa huko, kisha ubalozi wetu. Usishangae ukipewa hati ya dharura badala ya pasipoti: hiyo ni ya kukurudisha nyumbani, si ya kuendelea na matembezi.

Katiba yetu, ibara ya 17, inampa raia uhuru wa kutoka nchini na kurejea. Mimi haki hiyo nilikuwa nayo muda wote. Nilichokosa ni siku kumi na moja. Pasipoti mpya ilitoka, ina namba nyingine, viza ikabidi iombwe upya, na wenzangu watatu walikuwa wameshaondoka wiki nzima. Mama, niliyemuogopa kiasi hicho, alisema neno moja tu: "Ungeniambia siku ile ile."

Kwa hiyo usiku wa leo piga picha ukurasa wenye jina na namba yako, ujitumie kwa barua pepe. Na ikipotea, tafuta siku hiyo hiyo, uliza kila duka ulilopita. Kukicha hujaiona, nenda kituoni.